Bango la takwimu za Tina Charles nililochapisha hapa Tabora, na duka lililonichapia

Kama uko Tabora mjini na una kazi ya kuchapa yenye namba nyingi, sio kadi ya harusi wala kipeperushi cha mkutano wa injili, namaanisha namba tupu mistari kwa mistari, basi hii nakuandikia wewe, maana mi nimeenda kwenye duka moja la steshenari mara nne kwa kazi moja na nimeona mengi. Jina la duka naliacha kwa sababu kuna mahali walinikosea wakarekebisha wenyewe, sio vizuri mtu afungiwe riziki kwa kosa alilolifuta. Ila nitasema kila kitu kilivyokuwa, bei, muda, karatasi, makosa, yote.

Kwanza kazi yenyewe, bila kuijua hiyo huwezi kuelewa kwa nini nilikuwa mkali vile kwa vitu vidogo.

Nafundisha mpira wa kikapu timu ya wasichana, jioni, najitolea, uwanja wetu ni wa saruji iliyopasuka pasuka na goli moja lina wavu jingine halina. Senta wetu, yani yule anayecheza karibu na goli, ni binti wa kidato cha tatu, mrefu kuliko walimu wote wa kike pale shuleni, na tangu darasa la tano wanamwita mlingoti basi kazoea kutembea kainama, mabega yamekuja mbele kama mtu kadondosha shilingi anaitafuta. Uwanjani anadaka rebaundi, ile mipira iliyokosa kuingia, vizuri sana lakini akishaipata anairusha haraka kwa gadi anayeongoza mpira kama kashika kaa la moto, kufunga hataki, anaona kufunga ni kazi ya wafupi wenye mbio. Siku moja baada ya mazoezi tumekaa chini ya mwembe, wenzake wanatafuna matobolwa, akaniuliza, kocha, hivi senta anafungaga pointi ngapi mpaka anastaafu? Nikanyamaza kidogo. Jibu la Tina Charles, senta wa WNBA ile ligi ya kikapu ya wanawake ya Marekani, nilikuwa nalo kichwani maana namfuatilia miaka mingi, ila kumtajia tu mdomoni elfu saba mia sita na tisini na kitu niliona ni kama nampa hewa ashike. Nikamwambia nitakuletea kwa maandishi, msimu kwa msimu, uone mwenyewe zinavyojengeka.

Ndo likazaliwa wazo la bango la ukutani, kwenye stoo yetu ya mipira.

Nikakaa usiku na bando la intaneti na daftari la mistari. Juu nikaandika jina, Tina Charles, senta, futi 6 na inchi 4 ambayo ni kama sentimita 193, mzaliwa wa New York mwaka 1988. Halafu jedwali, msimu, timu, wastani wa pointi kwa mechi, wastani wa rebaundi. Kwenye uchaguzi wa wachezaji wapya wa ligi alichaguliwa namba moja 2010 na timu ya Connecticut Sun na mwaka huohuo wa kwanza akatoa pointi 15.5 na rebaundi 11.7 kwa mechi, akawa mchezaji mpya bora wa mwaka. 2012 akapanda mpaka 18.0 na rebaundi 10.5 akachukua tuzo ya mchezaji bora wa ligi nzima. 2014 akahamia New York Liberty nyumbani kwao, na 2016 akaongoza ligi kwa pointi, 21.5 kwa mechi, na akaongoza kwa rebaundi pia, 9.9, vyote viwili mwaka mmoja, hebu mwenye timu yoyote aniambie kama ni jambo jepesi. Chini ya jedwali nikaweka ka-orodha kengine kadogo ka masenta wakubwa wa WNBA na jumla zao ili mabinti wapate kulinganisha.

Sasa duka. Ni kadogo, mbele kana mwembe na benchi la mbao la kusubiria, ndani mashine mbili za kutolea kopi, kompyuta moja, printa ya rangi ya kutoa A3 na ile mashine ya kulaminisha. Mwenye duka ni mama mtu mzima, nikamwamkia shikamoo akaitikia vizuri akaniita mwanangu, afu kuna kijana ndo mtu wa kompyuta. Kwenye mapokezi nawapa alama zote kabisa. Kijana alichukua daftari langu akalisoma ukurasa mzima kabla ya kugusa kibodi, na nimezunguka sana hapa mjini, wengi wanaanza kutaipu huku wanaongea na simu. Bango kubwa la turubai kama yale ya kampeni hawana mashine yake, aliniambia ukweli hapohapo badala ya kupokea hela na kunizungusha wiki, akashauri tuchape A3 nne za rangi kisha ziunganishwe kwa nyuma. A3 moja ya rangi 2,500, kulaminisha 2,000 kila moja, kutaipu kazi nzima 4,000, jumla 22,000. Nikatoa nusu, akaniambia njoo kesho saa kumi.

Kuna kitu kilitokea kabla sijaondoka. Anasoma daftari akafika pale nilipoandika University of Connecticut, chuo cha Tina, akainua kichwa, madam, si ndo chuo alichosoma Hasheem Thabeet? Nikamwambia ndo hichohicho, na tena waliingia mwaka mmoja 2006, Thabeet wetu wa Dar akaondoka 2009 akachaguliwa namba mbili NBA na Memphis Grizzlies, mwenzake Tina akabaki akamaliza 2010 akachaguliwa namba moja WNBA. Na hiyo miaka miwili ya mwisho ya Tina timu ya wanawake ya chuo ilicheza mechi 39 ikashinda 39, mwaka uliofuata 39 ikashinda 39 tena. Kijana akakaa vizuri kwenye kiti. Akasema basi hicho tuweke juu kabisa, chuoni alifunga ngapi? Nikamwambia 2,346, na wakati anaondoka hakuna mwanamke yeyote pale chuoni aliyekuwa amefunga zaidi yake, mwenzake wa timu Maya Moore ndo alikuja kumpita. Akaniambia madam hiyo namba ikikosekana watu watadhani alianzia ukubwani. Ushauri wake ulikuwa sahihi na bango lilikuwa zuri zaidi kwa sababu yake, nikiri hilo wazi.

Kesho yake saa kumi nikaenda kuona rasimu kwenye kioo. Hapa ndo nyie wenye kazi za namba msikilize.

Nukta zote zilikuwa zimepotea. 15.5 imekuwa 155, 23.4 imekuwa 234, yani ukisoma unaambiwa kuna binadamu kafunga pointi 234 kwa mechi moja. Sababu ni kwamba kwenye daftari nukta yangu ni ndogo na yeye alidhani ni alama ya kalamu kugusa karatasi. Sikumlaumu sana kwa hilo, ila ushauri wangu ukiwa na desimali zipigie nukta nzito ya kalamu nyekundu au tuma kwa Wasap ukiwa umezitaipu mwenyewe.

La pili, kwenye orodha ya chini Tina Thompson hayupo. Nikauliza yuko wapi, akasema aliona Tina mara mbili akajua nimerudia jina. Hawa ni Tina wawili tofauti na huwezi kumweleza mmoja bila mwingine, Thompson ndo mchezaji wa kwanza kuchaguliwa kutoka vyuoni WNBA ilipoanza 1997, akachukua ubingwa mara nne mfululizo na Houston Comets, akaja kumaliza 2013 ana pointi 7,488, na kwa miaka kadhaa hiyo ilikaa nafasi ya pili kwa wote waliowahi kucheza hiyo ligi mpaka 2024 Tina Charles alipoivuka. Ukimfuta Tina wa kwanza basi ile kazi ya Tina wa pili haionekani, anakuwa anapanda ngazi ambayo haina kitu pale juu.

La tatu lilinigusa kuliko yote. Kwenye daftari langu mistari ya mwaka 2020 na 2023 ilikuwa mitupu, nimeandika mwaka tu halafu dashi dashi dashi. Kwenye rasimu haipo. 2019 inafuatiwa na 2021, 2022 inafuatiwa na 2024, limekaa jedwali zuri limeshikana halina tundu. Kijana akaniambia kwa furaha kabisa, madam kulikuwa na mistari miwili haina kitu nikaitoa ili likae vizuri.

Nikavuta benchi nikakaa. Nikamwambia mdogo wangu hiyo mistari miwili ndo sababu nimekuja hapa.

Nikamweleza hivi. 2020 Korona imeingia, ligi yote ikachezwa mahali pamoja Florida wachezaji wamefungiwa ndani, na Tina ana pumu. Ndo kwanza kapelekwa timu mpya, Washington Mystics, hajaichezea hata dakika moja, na afya yake ikasema hapana, akapewa ruhusa ya kitabibu akakaa nje mwaka mzima. Sifuri. Sasa angalia mstari unaofuata, 2021, Washington, pointi 23.4 kwa mechi, ya kwanza kwenye ligi nzima, na ndo wastani mkubwa kuliko wowote aliokuwa amewahi kuufikisha toka aanze, ana miaka 32. Miaka ya mwanzo mtupo wa mbali wa pointi tatu alikuwa karibu haugusi, hapo kashajifunza kutoka nje na kupiga. Ukiufuta ule mwaka mtupu hiyo 23.4 inakuwa namba nzuri kama namba nyingine nzuri. Ukiuacha, unaona mtu kakaa mwaka mzima na pumu yake afu karudi akiwa bora kuliko alivyoondoka.

Na 2023 vilevile. 2022 alianza Phoenix akamalizia Seattle, timu mbili msimu mmoja (na hiyo nayo kijana alikuwa ameiunganisha ikawa mstari mmoja, tukaitenganisha), halafu 2023 hana timu, hachezi, miaka 34, watu wengi tukajua imekwisha. 2024 anarudi Atlanta Dream ana miaka 35 na msimu huohuo mmoja anampita Thompson kwa pointi na anampita senta mwingine Sylvia Fowles kwa rebaundi. Fowles aliacha 4,006, yeye akamaliza mwaka na 4,014, wa kwanza katika wote. Pointi akamaliza na 7,696.

Kijana alikaa kimya, kisha akairudisha mistari yote miwili, na bila kumwambia akaipa rangi ya kijivu hafifu kwa nyuma ili ionekane imeachwa makusudi. Hicho kitu kwangu kina thamani kuliko punguzo la bei, na hakuniongezea hata shilingi.

Siku hiyohiyo nikamfundisha na namna ya kuhakiki, maana namba za kikapu zinajisema zenyewe kama ukijua kuzihoji. Juu ya orodha ya chini nilimweka Diana Taurasi, yeye ni gadi sio senta ila ndo namba moja wa muda wote na lazima awepo, pointi 10,646. Nikamwambia chukua kikokotoo, vikapu alivyofunga vya uwanjani ni 3,341, kila kimoja kihesabu mbili inakuja 6,682, halafu kati ya hivyo 1,447 ni vya pointi tatu kwa hiyo ongeza moja moja, halafu frithro, ile mitupo ya bure ya pointi moja moja, 2,517. Akabonyeza, 10,646 ikatoka kamili. Akairudia mara ya pili, afu akamwita mama mwenye duka aje aone. Na hapohapo ndo nikamwonyesha senta alipo tofauti, hizo 1,447 ni mitupo ya mbali ambayo kwa miaka mingi senta hakuruhusiwa hata kuiota, alikuwa anatumwa ndani kwenye viwiko na magoti huko anakusanya mbili mbili. Lisa Leslie alifika 6,263, nyingi zikiwa za mbili mbili. Fowles alifika 6,415 na karibu kila mitupo 100 aliyopiga 60 ilikuwa inaingia, hiyo ni kazi ya karibu na goli, ya kusukumwa.

Mara ya tatu nilienda kuchukua kazi iliyokamilika, umeme ukakatika A3 mbili zimetoka mbili bado. Duka halina jenereta na hili nalihesabu kama upungufu, kwa biashara ya mashine hapa mjini jua linavyowaka mwezi wa kumi hata paneli ndogo ingesaidia angalau kompyuta. Nilikaa saa mbili na nusu kwenye lile benchi. Mama alinitolea karanga za kuchemsha na maji tukaongea habari za watoto, akaniuliza hao mabinti zako wanacheza na kusoma wanasoma? Nikamwambia wanasoma mama. Akasema basi hawa wachezaji wa Marekani nao wakizaa wanafanyaje. Nikamwambia mmoja yumo kwenye bango lako, Lisa Leslie, alicheza Los Angeles Sparks toka 1997 mpaka 2009 ila 2007 hakucheza, alikuwa anajifungua, na 2008 akarudi. Nilikuwa nimeandika kwenye mstari wake "bila 2007" na kijana alikuwa ananibembeleza tuitoe maana nafasi imebana. Mama akamwambia, punguza maandishi uiache.

Umeme uliporudi wakamaliza. Rangi nzuri, nyeusi imekolea, namba zinasomeka ukiwa mita nne hivi maana aliweka fonti kubwa bila madoido, nashukuru hakuniwekea zile herufi za mikunjo za kadi za send-ofu. Tukabandika jioni ile.

Mabinti walisimama pale mpaka giza linaingia. Kuna mmoja kwenye timu ambaye aliacha shule akazaa, akarudi, maana toka 2021 serikali iliruhusu warudi, yeye huwa hasemi kitu mazoezini anakuja anakimbia anaondoka kuwahi mtoto. Alisoma ule mstari wa Leslie akaweka kidole kwenye "bila 2007" akaniuliza alikuwa mgonjwa? Nikamwambia alikuwa anajifungua. Akauliza na akarudi kwenye timu ileile? Nikamwambia ileile. Hakusema zaidi, ila kidole hakukitoa haraka.

Senta wetu yeye alianzia juu, 2010, akashuka nao mstari kwa mstari kama anasoma barua. Na yeye ndo aligundua kosa la mwisho ambalo mimi na kijana na mama na kikokotoo chetu tulilipita wote. Akaniita, kocha, hapa juu wameandika jumla 7,969 na huku chini kwenye orodha 7,696, ipi ndo kweli? Kila sita imekuwa tisa na tisa imekuwa sita, tofauti ya pointi 273. Nilijisikia vibaya kwa sababu tayari imelaminishwa, lakini pia nilifurahi, maana binti aliyekuwa haamini kama pointi zinamhusu sasa anazidai ziwe sahihi mpaka ya mwisho.

Mara ya nne nikarudi dukani na ile A3 ya juu. Nilijiandaa kwa mabishano kwa sababu kwingine nimeshaambiwa si uliangalia kwenye kioo ukasema sawa. Hapa hapana. Kijana alilinganisha na daftari langu, akaona niliandika sahihi 7,696, akasema ni mimi, akachapa upya na kulaminisha upya bure, dakika ishirini. Mama akasema mwambie huyo binti aliyeona hilo kosa aje nimpe kalamu. Na alimpa kweli, mbili, ya bluu na nyekundu.

Sasa limekaa ukutani miezi kadhaa na nina ya kusema kuhusu uimara. Ukutani linapigwa na jua la jioni, bluu ya kichwa imepauka ila nyeusi ya namba iko palepale, kwa hiyo kama kazi yako itakaa juani usitegemee rangi, weka vya muhimu kwa nyeusi. Mvua ilipoanza kona moja ya chini ikaingiza maji, na kosa ni la ukataji, baada ya kulaminisha walikata plastiki sambamba kabisa na karatasi hawakuacha ukingo, ukikata hivyo zile plastiki mbili hazijashikana pembeni na unyevu unapita katikati. Waambie mapema waache ukingo wa plastiki tupu angalau nusu kidole kuzunguka pande zote. Ile A3 waliyorudia bure nilikumbuka kuwaambia, hiyo haijaingiza hata tone. Maungio ya nyuma walitumia selotepu ya kawaida na kwa vumbi la huku inaachia, nimeweka ile ya kaki pana mwenyewe kwa 1,500.

Kwa ujumla wa hela, 22,000 na 1,500 yangu, naona ni haki kabisa. Muda ndo tatizo, kazi ya siku moja ilichukua siku sita na sehemu kubwa ni umeme na makosa ya kutaipu. Ukiwa na haraka au mtihani wa kesho usiende. Ukiwa na kitu unachokijali na unaweza kukaa na kijana ukamweleza kwa nini kila mstari upo, nenda, maana akishaelewa anafanya kwa moyo, na akikosea hakimbii.

Bango lenyewe limeshapitwa. Tulichapa hesabu za mpaka mwisho wa 2024 na Tina 2025 akarudi Connecticut kulekule alikoanzia, akavuka pointi 8,000, na vile vikapu 3,341 vya Taurasi alivyokuwa anaongoza navyo ligi akavipita pia, yani kwa kuhesabu mpira ulioingia uwanjani mara ngapi, bila frithro na bila bonasi ya mbali, senta ndo yuko juu ya wote. Ubingwa wa WNBA hajawahi kuchukua hata mmoja, ana medali tatu za dhahabu za Olimpiki, na mabinti wanabishana hapo kila wiki kama hiyo inatosha au haitoshi, mi naona inatosha. Duka wananitengenezea kipande cha stika cha kubandika chini kwa 1,000, kijana ameniambia safari hii anataka namba kwa Wasap zikiwa na nukta zake.

Na senta wetu sasa anapiga. Sio zote zinaingia ila anageuka na bega limenyooka anapiga. Juzi nimeona nyuma ya daftari lake la hisabati kapiga mistari kwa rula, tarehe, timu tuliyocheza nayo, pointi, rebaundi, ana mechi saba. Mstari wa nne una tarehe tu na dashi, wiki ile alikuwa na malaria. Nyuma yake kapaka kijivu kwa penseli. Ameniuliza pale dukani A4 wanachapa kwa bei gani, nimemwambia rangi ni 1,000 na nyeusi 200, akasema nyeusi inatosha kwa sababu haipauki.